Saa ya Kaboni na Ramani ya Miaka Inayohama

Tarehe za kale huonekana vitabuni kana kwamba zimechongwa katika jiwe. Hata hivyo, katika karne ya 20 tarehe nyingi zilihama, baadhi kwa miaka mia kadhaa, ingawa mifupa na mikaa iliyopimwa ilibaki ile ile. Kilichobadilika ni ujuzi wa wanasayansi juu ya saa iliyotumika kuvipima.

Saa hiyo ni kaboni-14. Mionzi itokayo anga za mbali hugonga hewa ya juu na kufyatua nyutroni. Nyutroni hizo zikikutana na atomu za nitrojeni, huzigeuza kuwa kaboni-14, ambayo huungana na oksijeni na kuwa kaboni dioksaidi. Mimea huitwaa gesi hiyo inapojitengenezea chakula, na wanyama huipata kwa kula mimea. Kiumbe kikiwa hai, kaboni-14 mwilini mwake hujazwa upya daima. Kikifa, nyongeza hukoma, na iliyobaki hupungua kwa kasi isiyobadilika: baada ya miaka 5,730 hubaki nusu, na baada ya miaka 11,460 hubaki robo. Mwaka 1949 Willard Libby na wenzake wa Chuo Kikuu cha Chicago walionyesha kuwa umri wa kitu unaweza kukokotolewa kwa kupima masalio hayo. Libby alipata Tuzo ya Nobel ya Kemia mwaka 1960.

SAA ISIYOKWENDA SAWASAWA

Njia hiyo ilisimama juu ya dhana moja: kwamba kiasi cha kaboni-14 hewani kilikuwa kile kile katika zama zote. Mfano wake ni pipa la maji linalovuja. Mtu anayejua kasi ya kuvuja, lakini hajui pipa lilikuwa na maji kiasi gani mwanzoni, hawezi kusema limevuja kwa muda gani.

Kwa kweli kiasi hicho hupanda na kushuka. Usumaku wa dunia na ule wa jua hukinga sehemu ya mionzi ya anga. Kinga hiyo ikidhoofika, kaboni-14 huongezeka. Bahari nazo huimeza kaboni na kuitoa tena kwa viwango vinavyobadilika.

Alihitajika shahidi mwingine asiyetegemea saa hiyo. Shahidi alipatikana katika miti. Katika nchi zenye majira ya baridi kali, aina nyingi za miti huongeza pete moja kila mwaka. Huko California kuna misonobari ya milimani yenye umri wa zaidi ya miaka 4,000. Kwa kulinganisha mfuatano wa pete pana na nyembamba katika miti hai na magogo makavu, wataalamu walihesabu miaka nyuma zaidi ya uhai wa mti mmoja. Kisha kaboni-14 ya pete zenye mwaka unaojulikana ilipimwa. Katika miaka ya 1960 Hans Suess alichora grafu ya kulinganisha hesabu hizo mbili. Ilidhihirika kuwa kitu ambacho saa ya kaboni hukipa miaka 6,000 kina umri halisi unaozidi huo kwa zaidi ya miaka 800.

Matokeo yake yalikuwa makubwa. Makaburi ya mawe ya Brittany, nchini Ufaransa, yalithibitika kuwa ya kale kuliko piramidi za Misri. Hivyo dhana kwamba ujuzi wa kuyajenga ulitoka mashariki ya Mediterania ilianguka.

MASWALI YA CHUMA KANDO YA MAZIWA MAKUU

Grafu hiyo imeendelea kurekebishwa. Toleo la mwaka 2020 hufika nyuma miaka 55,000, na nusu ya kusini ya dunia ina grafu yake. Hata hivyo, ipo sehemu ambapo mstari wake hulala karibu bapa, yaani kati ya mwaka 800 na mwaka 400 kabla ya Kristo. Vitu vilivyotengana kwa karne tatu hapo huweza kutoa kipimo kimoja.

Jambo hili linagusa Afrika Mashariki moja kwa moja. Katika mkoa wa Kagera, mahali kama Katuruka, yamechimbuliwa mabaki ya kale ya uyeyushaji wa chuma. Swali la lini hasa ufundi huo ulianza katika eneo la Maziwa Makuu huangukia, kwa sehemu, katika karne hizo ngumu. Tena mkaa wa kiini cha mti mzee huonyesha umri wa kiini hicho, wala si siku moto ulipowashwa tanurini. Hivyo mtafiti hulazimika kupima sampuli nyingi, akichagua mbegu na vijiti vya umri mfupi, na kuzingatia tabaka za udongo.

Kwa hiyo mwanafunzi anapokuta tarehe ya kaboni kitabuni, yafaa aulize mambo matatu: je, imesahihishwa kwa grafu? Ukingo wa kosa ni miaka mingapi? Kilichopimwa ni kitu gani? Saa inayokosea bado hufaa, mradi makosa yake yamepimwa na kuchorwa. Isiyofaa ni ile inayoaminiwa bila kulinganishwa na nyingine.