Filamu za bure kwenye intaneti: nani hulipa gharama?

Tovuti zinazoonyesha filamu bila idhini ya wenye hakimiliki huwavutia wengi kwa kuwa hazidai malipo, lakini mtazamaji anaweza kupoteza fedha, siri zake na hata kompyuta yake.

Wamiliki wa tovuti hizo hupata mapato kwa kuuza nafasi za matangazo, na baadhi ya matangazo ni mtego. Mtazamaji huambiwa apakue programu fulani ndipo filamu ianze, kumbe programu hiyo huiba maneno yake ya siri, au huyafunga mafaili yake hadi alipe fedha. Tovuti nyingine humtaka aandike namba ya kadi ya benki, eti kuthibitisha umri.

Funzo la Megaupload

Mwezi Januari mwaka 2012, Marekani iliifunga tovuti ya Megaupload, na mwanzilishi wake, Kim Dotcom, akakamatwa nchini New Zealand.

Waendesha mashtaka walidai kuwa iliingiza zaidi ya dola milioni 175 na kuwatia wenye hakimiliki hasara ya zaidi ya dola milioni 500. Hata watu waliohifadhi humo nyaraka zao halali walizikosa.

Afrika Mashariki, sheria ya hakimiliki ya Tanzania ya mwaka 1999 na ile ya Kenya ya mwaka 2001 zinakataza kunakili na kusambaza filamu bila idhini. Anayeumia zaidi ni mtayarishaji mdogo, ambaye hutegemea mauzo ya filamu moja ili kugharamia inayofuata.

Njia halali

Watayarishaji wengi wa Kenya na Tanzania huweka kazi zao wenyewe katika YouTube, na kuzitazama ni bure. Netflix, inayotoza ada ya kila mwezi, ilifika katika nchi nyingi za Afrika mwezi Januari mwaka 2016. Nchini Marekani, wenye kadi za maktaba nyingi za umma hutazama filamu bila malipo kupitia Kanopy.

Walio ughaibuni wafahamu kuwa haki za kuonyesha filamu huuzwa nchi kwa nchi. Ndiyo maana filamu inayopatikana Nairobi huenda isipatikane London, hata kwa anayelipia huduma ile ile.

Kabla ya kubofya, ni vyema kuchunguza iwapo tovuti inamtaja mmiliki wake. Inayoonyesha bure filamu ambayo ndiyo kwanza imeingia katika majumba ya sinema ni ya kuepukwa.