Robo ya Thumni: Kusoma Bei ya Hatifungani ya Marekani

Ukiitazama bei ya hatifungani ya serikali ya Marekani kwenye skrini ya dalali, utakuta imeandikwa kitu kama 99-16+. Aliyezoea desimali ataisoma tisini na tisa nukta kumi na sita. Sivyo. Kistari kile si nukta, na namba inayokifuata huhesabu sehemu za thelathini na mbili. Basi 99-16 ni 99 na 16/32, yaani 99.50. Anayeisoma 99.16 amekosea kwa senti 34 katika kila dola 100, na kwenye hatifungani za dola milioni moja kosa hilo ni dola 3,400.

Kwa nini 32? Mtu wa pwani hahitaji kwenda New York kutafuta jibu. Kata kitu kati upate nusu, nusu ikatwe iwe robo, robo iwe thumni. Neno hilo la Kiarabu maana yake ni sehemu moja ya nane, ingawa wazee wetu walilibandika kwenye senti hamsini, ambayo ni nusu ya shilingi! Endelea kukata: nusu ya thumni ni 1/16, robo ya thumni ni 1/32. Soko la hisa la New York liliacha hesabu hii ya kukatakata mwaka 2001 likahamia desimali. Soko la hatifungani za serikali halikufuata, na sioni dalili ya haraka.

Alama ya kujumlisha huongeza nusu ya 1/32. Wakati mwingine mahali pake hukaa tarakimu ya tatu, inayohesabu thumni za 1/32: 99-162 ni 16 na thumni mbili, 99-166 ni 16 na thumni sita. Kwa hiyo 99-16+ ni 99 na 16.5/32, sawa na 99.515625. Bei hiyo ni kwa kila dola 100 za thamani iliyoandikwa kwenye hati. Ukinunua za dola 10,000, hesabu inatoa dola 9,951.56.

Wengi hufunga daftari hapa, kisha hushangaa ankara ikija kubwa zaidi. Hatifungani hulipa riba mara mbili kwa mwaka, lakini riba yenyewe hujengeka kila siku. Tuseme yetu ina riba ya asilimia 4, inayolipwa tarehe 15 Mei na 15 Novemba, na malipo ya ununuzi yanafanyika 30 Juni. Kipindi chote kina siku 184, na muuzaji ameshika hati kwa siku 46. Novemba ikifika wewe ndiye utakayepokea riba ya miezi sita nzima, dola 2 kwa kila 100, kwa hiyo unamrudishia muuzaji fungu lake sasa: 2 × 46/184, yaani senti 50. Jumla ni 100.015625. Hati iliyotangazwa chini ya mia imekugharimu dola 10,001.56.

Kwa lugha ya sokoni, inayotangazwa ni bei safi na inayolipwa ni bei chafu. Jina la pili si la haki, kwa kuwa fedha ile ni jasho halali la muuzaji. Lakini sababu ya kutangaza bei safi ni nzuri. Bei chafu hupanda kidogo kidogo kila siku, kisha huporomoka siku ya riba, hata kama soko limelala. Ukiifuata hiyo, hutajua kama ni soko limesogea au ni kalenda tu.

Utaratibu huo wa riba iliyolimbikizwa utaukuta hata Nairobi, Benki Kuu ya Kenya inapofungua tena mauzo ya hatifungani iliyokwisha kutolewa.

Dhamana za muda mfupi za Marekani ni jambo jingine. Hazina riba ya kulipwa katikati, na soko hutaja kiwango cha punguzo, si bei. Kiwango cha asilimia 4 kwa siku 91 huzidishwa kwa 91/360, maana mwaka wao hapa una siku 360, na kutoa 1.0111. Toa hiyo kwenye 100, unalipa 98.9889. Hapo namba ya skrini ikishuka, bei imepanda.