Mlinganyo Uliogeuzwa Alama

Katika yote wayabuniyo watunzi wa hadithi za maajabu, nadra mno kukuta mlinganyo wa hisabati unaostahili jina hilo. Aghalabu msomaji hupewa herufi mbili tatu za kumtisha, kisha hadithi ikaendelea kana kwamba hazikuandikwa. Terry Pratchett, Mwingereza mcheshi aliyebuni dunia bapa ichukuliwayo na ndovu wanne juu ya mgongo wa kobe, aliona heri mzaha wa wazi, akaweka kipimo cha uchawi kuwa ni kiasi kitoshacho kuumba njiwa mmoja mdogo mweupe, au mipira mitatu ya biliadi. Kipimo hicho chachekesha, wala hakimfungi mtunzi kwa lolote. Nami nataka kunena juu ya mtunzi aliyeridhia kufungwa.

Greg Egan wa Australia alitoa kati ya 2011 na 2013 riwaya tatu, ya kwanza ikiitwa The Clockwork Rocket, na zote tatu zasimama juu ya badiliko la alama moja. Mwaka 1908, mjini Cologne, Hermann Minkowski aliwahutubia wataalamu kwamba wakati na mahali havitengani, na kwamba wakati anaouonja msafiri mwenyewe hupatikana kwa kuchukua mraba wa wakati uliopita nyumbani, kutoa mraba wa umbali aliokwenda, kisha kutafuta kipeuo cha pili cha kilichosalia, maadamu vipimo vya umbali vimesawazishwa na vya wakati. Ajabu zote za nadharia aliyoitoa Einstein mwaka 1905 zimo ndani ya kule kutoa. Egan akaifuta alama ya kutoa, akaandika ya kujumlisha.

Matokeo yake ni kanuni ambayo kila fundi muashi anaijua, apimapo pembe ya msingi kwa kamba ya tatu, nne na tano. Ila huko wakati wenyewe umekuwa upande mmojawapo wa msingi. Chukua msafiri aliyekwenda umbali wa vipimo vitatu, na nyumbani ikapita miaka minne. Kwetu sisi, kumi na sita toa tisa ni saba, naye atakuwa amezeeka miaka miwili na miezi isiyotimia minane. Kwao, kumi na sita na tisa ni ishirini na tano: amezeeka miaka mitano, zaidi ya ndugu zake aliowaacha.

Hapo ndipo hadithi ilipozaliwa. Sayari yakabiliwa na maangamizi ambayo maarifa ya wakati huo hayawezi kuyazuia. Basi Yalda, mwanafizikia, na wenzake wanaugeuza mlima mzima kuwa chombo, na kwa kuwa huko kasi haina ukomo, wanauharakisha hata njia yake ikae pembe mraba na wakati wa nyumbani. Ndani ya mlima vizazi vitasoma na kuvumbua; nyumbani itapita miaka minne tu, nayo ni ile ya kuongeza na kupunguza mwendo.

Wala mtunzi hakuruhusiwa kukomea hapo. Alama ile ile yalazimisha kila rangi ya nuru iwe na kasi yake, urujuani ikiitangulia nyekundu, hata nyota isionekane nukta bali mfuo wa rangi. Yalazimisha pia mimea itoe nuru ili ijipatie nguvu, kinyume cha mimea yetu. Sikatai kwamba msomaji hujiona mara nyingine yumo darasani, na kwamba michoro ya pembe hupewa subira kuliko nyoyo za wahusika.

Lakini deni zito zaidi halionekani upesi. Milinganyo ya mawimbi, ikishageuzwa alama, hukubali majibu yanayokua bila kikomo, na badiliko dogo kabisa la leo laweza kuvuruga kila kitu kesho. Ulimwengu wa namna hiyo hauna utulivu wala utabiri. Egan hakulikwepa jambo hili, bali aliufanya ulimwengu wake uwe na mwisho usio na ukingo, uliojikunja ukajirudia, ili kila wimbi lilazimike kukutana na mwanzo wake. Na wimbi likualo daima, kwa kuwa haliwezi kulingana na pale lilipoanzia, likakosa mahali pa kukaa.