Mratibu wa Harusi ya Ng'ambo ya Mpaka: Hakikini Kwanza, Ndipo Mwamue



Zipo familia za Busia na Malaba ambazo siku hizi hufunga safari hadi Mombasa au Diani ili kufanya harusi kando ya bahari. Mwendo huo ni zaidi ya kilomita 800 kwa barabara, na wenye harusi hawawezi kwenda kila wiki kukagua ukumbi, chakula na vyumba vya wageni. Kwa hiyo humkabidhi shughuli mratibu wa harusi. Siku zikikaribia, naye akawa hapokei simu, shaka huingia: tumwondoe tutafute mwingine, au tuvumilie?

Swali hilo linatuhusu sisi polisi kwa kuwa fedha zenyewe si za bibi na bwana harusi peke yao. Ni michango ya ndugu, majirani na waumini wenzao, iliyokusanywa na kamati. Ushauri wetu ni huu: msimwondoe mratibu wala msimwongezee fedha kabla ya kujua fedha za awali zilikwenda wapi, na ukumbi umewekwa kwa jina la nani.

Waulizeni wenye huduma

Mwenyekiti na mweka hazina wa kamati wawasiliane moja kwa moja na hoteli, mpishi, mpambaji na mwenye magari. Wasitumie namba waliyopewa na mratibu. Watafute namba ambayo hoteli yenyewe imeitangaza kwa umma. Maswali ni manne: Je, tarehe yetu imewekwa? Imewekwa kwa jina la nani? Mmepokea kiasi gani? Salio linatakiwa lini? Majibu yaombwe kwa maandishi, kisha yalinganishwe na stakabadhi pamoja na ujumbe wa fedha zilizotumwa kwa simu. Wahenga walisema, mali bila daftari huisha bila habari.

Jina ni jambo zito. Ikiwa ukumbi umewekwa kwa jina la mratibu, nanyi mkamfukuza kwa hasira, huenda hoteli isiwatambue, na malipo ya awali yakabaki huko. Mtakeni kwanza ahamishie nafasi hiyo kwa jina la wenye harusi.

Majibu matatu, maamuzi matatu

Jibu la kwanza: fedha zimefika kwa wenye huduma, ila mratibu ni mzito wa kujibu. Huyo si mwizi. Ikiwa siku zilizobaki ni chache, ni afadhali kubaki naye, kwa masharti: malipo yote yaliyosalia yaende moja kwa moja kwa wenye huduma, naye atoe taarifa ya maandishi kila wiki kwa mtu mmoja aliyeteuliwa na kamati.

Jibu la pili: fedha zilizofika ni pungufu ya zile mlizompa. Mwandikieni barua, mkimpa siku maalumu za kutoa hesabu. Akishindwa, someni kifungu cha mkataba kinachohusu kuvunja makubaliano, kisha mbadilisheni, na makabidhiano yafanyike mbele ya mashahidi.

Jibu la tatu: hoteli haimfahamu, au stakabadhi alizowapa ni za kughushi. Hapo msingoje. Fikeni kituo cha polisi siku hiyohiyo mkiwa na mkataba, stakabadhi na ujumbe wote wa simu. Msifute hata ujumbe mmoja.

Kuna dalili nyingine inayofaa kuangaliwa. Raia wa Uganda hahitaji viza kuingia Kenya, na tangu mwaka 2014 kitambulisho cha taifa kinatosha kuvukia mpaka huu. Mratibu anayewatoza wageni wenu fedha za "viza ya Kenya" aulizwe maswali makali.

Deni na jinai si kitu kimoja

Sheria za jinai za Uganda na Kenya zinafanana katika jambo hili. Kujipatia fedha kwa udanganyifu ni kusema uongo juu ya jambo lililopo au lililokwisha kuwapo, huku msemaji akijua kuwa ni uongo. Aliyesema "nimekwisha kulipa hoteli" ilhali hajalipa, kisha akapokea fedha zaidi kwa neno hilo, anaweza kushtakiwa. Aliyeahidi maua mekundu akaleta meupe amevunja mkataba, na hilo ni dai la madai. Polisi si wakusanyaji wa madeni. Nchini Uganda, utaratibu wa madai madogo hushughulikia madeni yasiyozidi shilingi milioni 10. Nchini Kenya, mahakama ya madai madogo hupokea madai yasiyozidi shilingi milioni 1 za huko.

Kosa likiwa limevuka mpaka, lisiwavunje moyo. Polisi wa nchi zetu hushirikiana, pia kupitia EAPCCO, umoja wa wakuu wa polisi wa Afrika Mashariki ulioanzishwa Kampala mwaka 1998. Lakini kumzuia mratibu nyumbani, kutwaa gari lake, au kusambaza picha yake mkimwita mwizi, kunaweza kuwageuza ninyi walalamikaji kuwa watuhumiwa.

Ndoa ni zaidi ya sherehe

Mwisho, tenganisheni harusi na ndoa. Kwa ndoa ya kiserikali, sheria ya ndoa ya Kenya ya mwaka 2014 inataka notisi itolewe si chini ya siku 21 na si zaidi ya miezi 3 kabla ya tarehe. Wajibu huo ni wa wachumba wenyewe. Kabla ya kumwondoa mratibu aliyesema "nashughulikia karatasi", ulizeni kwa msajili kama notisi imepokelewa. Maua yanaweza kununuliwa asubuhi ya siku yenyewe. Notisi hutakiwa mapema.

Kamati yenye shaka isisubiri hadi mambo yaharibike. Leteni nyaraka zenu kwa afisa wa polisi jamii aliye karibu nanyi, awaeleze kama jambo lenu ni la polisi au la mahakama ya madai. Huduma hiyo hailipiwi.