Miaka Ishirini ya Kukodi Pesa

Pande za Kabiria, huko Riruta Satellite, ghorofa za kupangisha zimesimama bega kwa bega na vyumba vya mabati juu ya ploti zilizokuwa mashamba. Eneo hili la Dagoretti lilikuwa sehemu ya Kiambu hadi lilipoingizwa ndani ya mipaka ya Nairobi miaka ya 1960, na mpaka leo sehemu kubwa ya ardhi yake iko mikononi mwa familia, ikigawanywa vipande vidogo zaidi kila kizazi. Ndiyo maana anayeishi hapa mara nyingi ni mpangaji wa mwenye ploti. Akipata kazi ya mshahara na kuanza kuwazia nyumba yake mwenyewe, njia anayotangaziwa kwenye mabango ya Barabara ya Ngong ni mkopo wa benki unaolipwa kidogo kidogo kwa miaka 15, 20 au 25, nyumba yenyewe ikiwa rehani. Wanaoifuata ni wachache mno: takwimu za Benki Kuu ya Kenya zinaonyesha kwamba mwishoni mwa 2023 nchi nzima ilikuwa na mikopo ya namna hiyo takriban 30,000 tu. Husemwa kwamba sababu ni riba kubwa, na ni kweli. Lakini liko jambo lingine ambalo halisemwi vya kutosha: hata walioipata mikopo hiyo, wengi hawajui wananunua kwa bei gani. Wanaijua bei ya nyumba na wanajua kiasi wanachokatwa kila mwezi, na kati ya hayo mawili hakuna hata moja ambalo ndilo gharama. Gharama ya mkopo wa nyumba inaamuliwa na muda, na muda ndio mkopaji anaoukubali bila kuujadili.

Chukua mfano wa nyumba ya shilingi milioni 5. Mnunuzi ana milioni 1 yake, anakopa milioni 4 kwa miaka 20 kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, ambayo haiko mbali na wastani wa mikopo ya nyumba ulioripotiwa na Benki Kuu kwa mwaka 2023. Kila mwezi atalipa shilingi 49,741. Zidisha kwa miezi 240: jumla ni kama shilingi milioni 11.94. Riba peke yake ni milioni 7.94, karibu mara mbili ya pesa alizokopa. Hesabu hiyo inashtua, ila haijaonyesha kiini cha jambo. Kiini kimo katika mgawanyo wa yale malipo ya kila mwezi. Mwezi wa kwanza, asilimia 14 ya milioni 4 ikigawanywa kwa miezi 12 inatoa riba ya shilingi 46,667. Katika zile 49,741 zilizolipwa, ni shilingi 3,074 tu zinazopunguza deni lenyewe. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, kwa hiyo riba inapungua kwa shilingi 36, na sehemu inayopunguza deni inaongezeka kwa shilingi hizo 36. Mambo huenda hivyo, kwa mwendo wa kinyonga. Miaka mitano ikiisha, mkopaji amelipa karibu shilingi milioni 3 na deni limeshuka kwa 265,000 tu. Bado anadaiwa shilingi 3,735,000. Nusu ya deni haimaliziki kabla ya mwaka wa 16. Hakuna hila hapo, wala benki haijavunja sheria yoyote. Riba ni kodi ya pesa, inatozwa juu ya deni lililobaki, na deni kubwa likikaa muda mrefu hutoa kodi kubwa kwa muda mrefu.

Ukishaielewa hesabu hiyo, utaona kwa nini swali ambalo wakopaji wengi huanza nalo, yaani "nitakatwa ngapi kwa mwezi?", linawaelekeza pabaya. Mtu aliyeona 49,741 ni nyingi huambiwa kwamba mkopo unaweza kurefushwa hadi miaka 25, na anashukuru. Malipo yake yanashuka hadi 48,150, nafuu ya shilingi 1,591 kwa mwezi. Kwa nafuu hiyo atalipa jumla ya milioni 14.45, ambayo ni nyongeza ya shilingi milioni 2.5. Aliyefanya kinyume chake, akakubali miaka 15, analipa 53,270 kwa mwezi. Ameongeza shilingi 3,529 tu na ameokoa zaidi ya milioni 2.3. Tofauti ya milioni karibu 5 kati ya wakopaji hawa wawili haikutokana na nyumba, kwani nyumba ni ileile, wala na riba, kwani ni asilimia 14 kwa wote. Imetokana na miaka 10. Mnunuzi anaweza kubishana na muuzaji wiki nzima ili apunguziwe laki mbili kwenye bei, kisha akaingia benki na kuweka sahihi kwenye miaka ya ziada inayomgharimu mara kumi na mbili ya punguzo hilo. Naona hapo ndipo pesa nyingi za familia za tabaka la kati nchini hupotelea, na zinapotea kimya kimya kwa sababu hakuna siku hata moja ambayo hasara hiyo hudaiwa kwa mkupuo.

Hadi hapa tumechukulia kwamba riba imetulia, na Kenya haina desturi hiyo. Marekani mtu anaweza kukopa kwa miaka 30 kwa riba isiyobadilika hata siku moja. Hapa mikopo mingi ya nyumba hupanda na kushuka kufuatana na soko. Mwaka 2011 Benki Kuu ilipandisha riba yake kutoka chini ya asilimia 6 mwanzoni mwa mwaka hadi 18 ilipofika Desemba, na waliokuwa na mikopo ya nyumba wakajikuta wakitozwa zaidi ya asilimia 20. Sheria ya kudhibiti riba ilianza kutumika Septemba 2016 ikafutwa Novemba 2019. Kisha kutoka asilimia 7 mwanzoni mwa 2022, riba ya Benki Kuu ilipanda hadi 13 kufikia Februari 2024 kabla ya kuanza kushuka Agosti mwaka huo, na mwanzoni mwa 2025 Benki Kuu ilibidi izihimize benki hadharani zipunguzie wateja wao. Sasa rudi kwa mkopaji wetu wa miaka 20. Riba ikipanda kutoka 14 hadi 15 katika mwaka wa kwanza, riba ya mwezi kwa milioni 4 inakuwa shilingi 50,000, na yeye analipa 49,741. Analipa kila mwezi, hajachelewa hata mara moja, na deni linakua. Kwa hiyo ni lazima malipo yapandishwe, na riba ikifika 18 yatakuwa kama 61,700. Sheria ya Ajira inataka mfanyakazi abakiwe na angalau theluthi moja ya mshahara wake baada ya makato yote, na mshahara haupandi kwa sababu riba imepanda. Mkopo mrefu ndio unaoathirika zaidi na mabadiliko haya, maana deni lake linabaki karibu zima kwa miaka mingi.

Wapo watakaosema kwamba mpangaji naye analipa, tena halipii chochote kitakachokuwa chake. Hoja hii ina uzito, na haifai kupuuzwa. Tuseme nyumba ile ya milioni 5 ingepangishwa kwa shilingi 28,000 na kodi ipande asilimia 5 kila mwaka. Baada ya miaka 20 mpangaji atakuwa ametoa zaidi ya milioni 11 na hana hata dirisha la kuita lake. Lakini linganisha inavyostahili. Katika mwaka wa kwanza mnunuzi analipa riba ya wastani wa shilingi 46,461 kwa mwezi, nayo pia haimpi umiliki wa chochote; amemhama mwenye nyumba mmoja akahamia kwa mwingine mwenye kodi kubwa zaidi. Mpangaji anayeiweka ile tofauti ya shilingi 20,000 na ushei kwenye Sacco anajenga uwezo wa kukopa kidogo zaidi baadaye, ingawa anabeba hatari kwamba bei za nyumba zitamkimbia. Na hata tukikubali kwamba kumiliki kunashinda kupanga, hoja ya kodi inatetea kununua nyumba tu. Haitetei kuilipia kwa miaka 25.

Wengine husema mfumuko wa bei utaila thamani ya deni: shilingi 49,741 za leo ni nzito, za mwaka wa 18 zitakuwa nyepesi. Ni kweli kwamba zitakuwa nyepesi. Hata hivyo Benki Kuu inalenga mfumuko ukae kati ya asilimia 2.5 na 7.5, na hata ulipopita kiwango hicho mwaka 2022 haukufikia asilimia 10. Anayelipa asilimia 14 wakati bei zinapanda kwa 6 analipa kodi halisi ya asilimia 8 hivi kila mwaka, na anayefaidika na wepesi wa shilingi ni yule tu ambaye mapato yake yanapanda pamoja na bei. Nafuu ya ushuru ni hoja yenye nguvu zaidi. Tangu Desemba 2024 sheria inaruhusu riba ya hadi shilingi 30,000 kwa mwezi kuondolewa kwenye mapato yanayotozwa kodi, mradi mkopaji anaishi katika nyumba hiyo na amekopa kutoka taasisi zinazotambuliwa. Si kwamba anarudishiwa 30,000. Aliye kwenye kiwango cha asilimia 30 anaokoa 9,000. Katika mfano wetu, sheria ikibaki ilivyo, hiyo ni zaidi ya shilingi milioni 1.8 kwa muda wote wa mkopo, nayo ni fedha ya kweli ambayo kila mkopaji anapaswa kuidai. Bado inaacha riba ya zaidi ya milioni 6.

Iko pia imani iliyoenea kwamba sheria ya Kenya hairuhusu riba kuzidi mkopo. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kilichoanza kutumika 2007, kinazuia benki kudai riba inayozidi deni lililobaki pale mkopo unapoacha kulipwa. Kinamlinda aliyeshindwa. Aliyelipa kwa uaminifu miaka 20 bila kukosa hakigusi, na ndiye atakayetoa riba ya karibu mara mbili ya mkopo wake. Aliyeshindwa naye ana kinga nyingine katika Sheria ya Ardhi ya 2012: notisi ya miezi mitatu ya kurekebisha hali, notisi ya siku 40 kabla ya kuuza, na wajibu wa benki kutafuta bei bora. Ikiuza kwa bei iliyo chini ya thamani ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, inachukuliwa kuwa imekiuka wajibu huo hadi ithibitishe vinginevyo. Lakini nyumba ikifikishwa kwa dalali katika mwaka wa tano, mnunuzi wa mfano wetu atakuwa bado anadaiwa asilimia 93 ya alichokopa, na kinga hizo hazimrudishii miaka hiyo.

Njia za kupunguza kodi hii ya pesa zipo. Kampuni ya Kenya Mortgage Refinance, iliyoundwa 2018 na kupewa leseni 2020, haimkopeshi mwananchi moja kwa moja. Inazikopesha benki na Sacco kwa riba nafuu ili nazo zitoe mikopo ya nyumba kwa chini ya asilimia 10. Kwa asilimia 9.5, zile milioni 4 za miaka 20 zinalipwa kwa shilingi 37,285 kwa mwezi, jumla milioni 8.95. Tofauti na mkopo wa asilimia 14 ni karibu milioni 3, na kabla ya kukubali mkopo wa kawaida inafaa kuuliza kama benki au Sacco yako inatoa huu na kama nyumba unayoitaka imo ndani ya kiwango chake. Kwa mwenye ploti Kabiria, au mtoto wa familia aliyegawiwa kipande, mkopo mfupi wa Sacco wa asilimia 1 kwa mwezi juu ya deni lililobaki una hesabu ya kutia moyo: milioni 1 ikilipwa kwa miaka minne inazaa riba ya kama 264,000 tu. Unajenga msingi na vyumba viwili, unamaliza deni, unakopa tena. Ni njia ya polepole, saruji inapanda bei katikati, na pale ambapo hatimiliki bado iko kwa jina la babu kuna hatari ya ugomvi wa ndugu. Lakini nafikiri wanaoiona ni njia ya wasiofahamu mambo ya fedha wanakosea kabisa, kwa sababu anayejenga hivyo ameepuka kitu kimoja kinachofanya nyumba iwe ghali: deni kubwa linalokaa.

Aliyekwisha kukopa naye bado ana nafasi, na nafasi hiyo ni kubwa zaidi katika miaka ya mwanzo. Mkopaji wetu wa miaka 20 akiongeza shilingi 5,000 kila mwezi tangu mwanzo, riba ikibaki ilivyo, anamaliza kwa miaka 13 na miezi 9 na kuokoa karibu milioni 2.9. Hilo linawezekana tu kama benki itaielekeza nyongeza kwenye deni lenyewe badala ya kuihesabu kuwa malipo ya mwezi ujao, na kama mkataba hautozi ada ya kulipa mapema. Mambo hayo mawili yaandikwe kwenye barua ya mkopo kabla ya sahihi, pamoja na jumla ya shilingi zitakazolipwa hadi mwezi wa mwisho na kiasi kitakachoongezeka riba ikipanda kwa asilimia 1, 2 na 4. Zijumlishwe na gharama za kuingilia: ushuru wa stempu wa asilimia 4 ya thamani ya nyumba mjini, ambao kwa nyumba ya milioni 5 ni 200,000, ada za wakili, mthamini na benki, na bima ya maisha na ya moto. Karatasi hiyo ikiwa mezani, mazungumzo kuhusu miaka yanaweza kuanza, na mteja ana nguvu ya kuyaanzisha kabla hati ya rehani haijasajiliwa.