Mlikubaliana Nini?

Kamati ya harusi Dar es Salaam haina mchezo. Kuna mwenyekiti, katibu na mweka hazina. Kuna daftari la ahadi, kuna anayefuatilia ukumbi na anayebishana na mpishi bei ya sahani moja, na kuna kundi la WhatsApp ambalo kila jioni linawakumbusha wasiomaliza michango. Kabla ya hapo wazee wa pande mbili wameshakutana, posa imepokelewa, mahari imetajwa ikapunguzwa. Vikao hivyo huchukua miezi, na nimekaa katika vingi. Sijawahi kusikia watarajiwa wakiulizwa: ninyi wawili mmekubaliana kwamba mtakuwa wawili tu? Na siku mmoja wenu akitamani vingine, mmekubaliana mfanye nini?

Jambo hilo huchukuliwa kuwa linajulikana. Mchungaji au padri ataligusa kwenye mafundisho, shehe atalitaja kwenye hotuba ya nikaha, kungwi atalizunguka kwa mafumbo huku vigelegele vikipigwa. Wahusika wenyewe hawaliongei. Kila mmoja anaingia ndani na ahadi yake kichwani, akidhani mwenzake amebeba ileile. Naamini ndoa nyingi, na mapenzi mengi yasiyo na ndoa, yanaanza kubomoka hapo, kwenye ukimya, kabla hata ya mchepuko wa kwanza.

Sheria ililiona swali hili zamani. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, inayotumika Tanzania Bara, inatambua ndoa za aina mbili: ya mke mmoja, na ya wake wengi au inayoweza kuwa ya wake wengi. Iliyofungwa Kiislamu au kimila huchukuliwa kuwa ya aina ya pili mpaka ithibitishwe vinginevyo. Iliyofungwa kanisani au serikalini huchukuliwa kuwa ya mke mmoja. Hapo ndipo wengi wetu tunapoishia, tunaiacha dini au mila itujibie.

Lakini sheria haikuishia hapo. Mume na mke, kila mmoja kwa hiari yake, wanaweza kwenda mbele ya jaji au hakimu wakatoa tamko na kubadili aina ya ndoa yao. Inayoweza kuwa ya wake wengi hugeuka ya mke mmoja, mradi mume hana mke mwingine. Na ya mke mmoja inaweza kufunguliwa, isipokuwa kwa Wakristo wawili waliofungia ndoa kanisani na ambao bado wako katika imani hiyo. Kwa hiyo binti wa Tandika aliyefungishwa nikaha, anayetaka kuwa peke yake na ambaye mumewe anaafiki, amekuwa na njia hiyo kwa zaidi ya miaka 50. Kwenye kicheni pati anafundishwa mengi, hilo haambiwi.

Anayetaka kuoa tena naye hatakiwi kunyemelea. Notisi ya kusudio la ndoa hutolewa siku 21 kabla, na mke aliyepo anaweza kuweka pingamizi. Anaweza kueleza kwamba kipato cha mume hakitoshi na kwamba yeye na watoto wataumia, au kwamba anayeletwa ataingiza mfarakano mkubwa nyumbani. Waliotunga sheria walitaka jambo hilo lisemwe, lisikike, libishaniwe, kabla halijatokea. Kenya ilipopitisha Sheria yake ya Ndoa mwaka 2014, wabunge wanaume waliondoa haki ya mke aliyepo kulikataa jambo hilo, na wabunge wanawake wakatoka nje ya ukumbi. Kilichowatoa ni kuona mke ananyimwa neno katika nyumba yake mwenyewe.

Mimi ni wa mume mmoja na mke mmoja, na sifichi. Hata hivyo, mzee aliyeoa wake wawili kwa wazi, kila mmoja akimjua mwenzake, watoto wakisalimiana kwa majina, namwona mkweli kuliko bwana aliyevaa pete ya kanisani na kujenga nyumba ya pili Chanika bila mtu kujua. Wa kwanza ametimiza alichokisema. Wa pili ana mke anayelala akiamini jambo ambalo si kweli, na mwanamke mwingine anayesubiri siku ambayo haitafika.

Huyo mwingine tunamsema vibaya sana. Tunamwita kimada, hawara, nyumba ndogo, kana kwamba amejijenga mwenyewe. Mara nyingi naye ameambiwa uongo: kwamba ndoa ya kwanza imekufa, kwamba talaka iko mahakamani, kwamba ni suala la muda tu. Sheria inasema mwanamume na mwanamke wakiishi pamoja miaka miwili au zaidi, na jamii ikawajua kama mume na mke, inadhaniwa wameoana. Dhana hiyo haimsaidii aliyeishi na mume wa mtu, maana mwenye ndoa ya mke mmoja hana uwezo wa kufunga nyingine. Kinachobaki kwake ni kuiomba mahakama matunzo, yake na ya watoto.

Aliyewahi kukaa chini ya turubai la msiba katika jiji hili anajua inavyokuwa. Maiti iko sebuleni, wajane wa ukoo wamekaa kwenye mikeka, na anaingia mama wa miaka 30 na kitu, khanga kichwani, ameshika watoto wawili. Hakuna anayehitaji kuuliza, kwa sababu mdogo ana paji la uso la marehemu. Shangazi mmoja anasimama kumzuia mlangoni, mwingine anamvuta ndani kwa mkono. Mjane anainua uso kuwatazama watoto. Wiki chache baadaye kikao cha ukoo kinaandika muhtasari wa kupeleka Mahakama ya Mwanzo kuomba msimamizi wa mirathi, na ubishi unaanza upya kuhusu majina ya kuandika. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inakataza kumbagua mtoto kwa sababu ya kuzaliwa kwake, na inasema asinyimwe kufaidi ipasavyo mali ya mzazi wake. Watoto wale wana haki. Lakini wamepelekwa kuidai siku mbaya kuliko zote, mbele ya watu waliojua kwamba wapo dakika ileile walipoingia.

Kuna wakati nchi nzima ililizungumza jambo hili, na kilichotufungua kinywa kilikuwa hofu ya kufa. Wagonjwa wa kwanza wa Ukimwi Tanzania walitambuliwa mkoani Kagera mwaka 1983, na miaka iliyofuata ilitufundisha kuhesabu wapenzi. Zikaja kampeni za redio na mabango, tukahimizwa kubaki njia kuu. Wenzetu Kenya nao wakaambiwa waachane na mpango wa kando. Zilifanya kazi ya maana. Lakini zilizungumza na mtu mmoja mmoja, barabarani, kuhusu afya yake. Hazikuwakalisha wawili mezani. Wapo wanawake waliotulia na waume zao miaka yote, wakapewa majibu ya kipimo kwenye kliniki ya wajawazito, wakiwa peke yao kwenye benchi, na la kwanza walilofikiria ni namna ya kumwambia mume bila kufukuzwa.

Tena uaminifu tunaudai kwa upande mmoja. Angalia ugoni. Sheria ya 1971 inampa mwenye ndoa, awe mume au mke, haki ileile ya kumdai fidia aliyezini na mwenzi wake. Madai yanaanguka ikiwa mdai mwenyewe aliridhia au alikula njama, na hatozwi yule ambaye hakujua, wala asingeweza kujua hata angejitahidi, kwamba aliyenaye ni wa mtu. Fidia yenyewe hairuhusiwi kuwa ya kuadhibu. Ni utaratibu wa kistaarabu.

Mtaani ugoni ni kitu kingine kabisa. Ni mlango uliopigwa teke saa tano usiku, mjumbe ameshaitwa, simu nne zinarekodi, mtu amejifunika shuka, bei inatajwa palepale. Anayelipwa ni mume. Wako wanaotega mtego huo makusudi, mke na mume kwa pamoja, wakaufanya mradi. Sasa mgeuze mke awe ndiye anayefumania. Ataambiwa na mama mkwe wake, na pengine na mama yake mzazi: "Mwanangu, rudi nyumbani ukapike. Wanaume ndivyo walivyo." Kifungu kilekile kinamhusu, ila hakuna atakayemsindikiza kwenda kukitumia.

Uganda ilikuwa na ubaguzi huo ndani ya sheria zenyewe za jinai: mke aliyeolewa alikuwa na kosa akilala na mwanamume yeyote, mume alikuwa na kosa akilala na mke wa mtu tu. Mahakama ya Katiba ilikifuta kifungu hicho mwaka 2007 kwa sababu kilikiuka usawa. Kwetu ubaguzi huo haukuandikwa popote, na kwa hiyo hakuna mahakama inayoweza kuufuta. Unaishi kwenye ushauri tunaowapa mabinti.

Siku hizi ukimya unavunjwa na simu. Hauvunjwi na mazungumzo. Mtu amehifadhiwa kama "Fundi Bomba" au "Juma Gereji", halafu unakuja ujumbe wa muamala: umetuma shilingi elfu hamsini, na jina kamili la mwanamke chini yake. Ada ya mtoto ilikuwa haijalipwa. Wanawake wengi huniambia kilichowauma zaidi ni ile elfu hamsini, kwa sababu walikuwa wameombwa wavumilie hali ni ngumu. Hapo utaona kwamba kwa wengi usaliti ni jambo pana kuliko kitanda. Umo ndani ya pesa na siri zilizotolewa nje, umo ndani ya muda ambao nyumba iliunyimwa.

Kwa vijana wa "sogea tukae" kuna ugumu zaidi, maana wao hawana hata siku moja ya kuapa. Anakuja na begi wikendi, kisha na jiko la gesi, kisha kodi inalipwa nusu kwa nusu. Mmoja anajiona ameoa, mwingine anajiona anasubiri kuona. Wakigombana juu ya mtu wa tatu, kila mmoja ana haki kwa hesabu zake.

Nawajua wawili wanaoishi Kinyerezi ambao walikataa kwenda hivyo. Kabla ya kupeleka posa walikaa na daftari la shule wakaandika mambo wanayoyaona ni usaliti, kila mmoja upande wake, kisha wakabadilishana. Yeye wa kiume hakuwa ameandika kumtumia pesa mpenzi wa zamani. Wa kike alikuwa ameiweka namba mbili. Yeye wa kike hakuwa ameandika kuchati na mtu usiku wa manane. Kwa mwenzake ndilo lilikuwa la kwanza. Kuhusu mke wa pili waliandika kwa wino: hapana. Kuhusu mmoja kuteleza waliandika kwamba aseme mwenyewe, asisubiri kugunduliwa. Baba mdogo wa binti alipopata habari alikasirika, akasema wanaita talaka kabla ya ndoa. Binti akamjibu, "Baba mdogo, shikamoo, lakini hili tumeliongea na tutaendelea kuliongea."

Wamebakiwa na suala moja hawajaafikiana, nalo ni la simu. Mmoja anataka neno la siri liwe moja kwa wote wawili. Mwingine anasema simu ni yake na kinachotakiwa ni kuaminiwa. Wamelirudia mara kadhaa na bado.