Foleni Hewa ya Njia Nane

Swali hili ni la jioni, na huulizwa ndani ya daladala za Dar es Salaam na ndani ya magari binafsi vilevile. Gari limetoka Kimara Mwisho na mwendo wake mzuri, limeipita Mbezi, na kabla ya Kibamba taa nyekundu zinaanza kuwaka huko mbele, moja baada ya nyingine, hadi kila kitu kinasimama. Dakika nne, tano za kusogea kidogo kidogo. Halafu barabara inafunguka. Abiria wananyoosha shingo kutafuta ajali, Fuso lililokatika ekseli, au walau trafiki aliyenyoosha mkono. Hakuna kitu. Lami ni kavu na njia zote nzima. Sasa foleni ilikuwa ya nini?

Barabara yenyewe ilipanuliwa kuwa ya njia nane, kilomita 19.2 kutoka Kimara hadi Kibaha, ili kumaliza adha hiyohiyo. Wakazi wa Nairobi nao wana Thika Superhighway, kilomita 50 hivi za lami pana zilizozinduliwa na Rais Mwai Kibaki Novemba 2012, na wakifika Roysambu au Githurai huulizana swali lilelile. Kuna aina ya foleni ambayo upana wa barabara hauiui, kwa sababu chakula chake ni ile sekunde moja anayochelewa kila dereva kukanyaga breki.

Habari za mkanda, matairi vipara, pombe na simu mkononi hutangazwa kila Wiki ya Nenda kwa Usalama Barabarani, na anayezijua hahitaji kuzisoma tena hapa. Sekunde ile moja ndiyo tamu zaidi.

Mwaka 2008 watafiti wa Japani, wakiongozwa na Yuki Sugiyama wa Chuo Kikuu cha Nagoya, walichapisha matokeo ya jaribio ambalo lingeweza kufanyika kwenye uwanja wowote wa wazi. Walichora duara lenye mzingo wa mita 230, wakaingiza magari 22, wakawaomba madereva waende kilomita 30 hivi kwa saa na kufuatana salama. Hapakuwa na taa, makutano, tuta wala kituo cha daladala. Kila gari lilipata mita kumi na nusu za duara, na ukitoa urefu wa gari lenyewe, pengo la mita sita hivi. Mwanzoni msafara ulizunguka bila shida. Kisha mapengo yakaanza kutofautiana. Mmoja akapunguza mwendo kidogo, aliyemfuata akapunguza zaidi, na muda si muda magari kadhaa yakawa yamesimama kabisa huku ya upande wa pili yakikimbia. Kundi lile lililosimama halikubaki mahali pamoja. Lilirudi nyuma kulizunguka duara, kinyume na mwelekeo wa magari, kwa kilomita 20 hivi kwa saa, ingawa hakuna gari hata moja lililoingia rivasi.

Madereva 22 wenye akili timamu, walioombwa kufanya jambo moja rahisi, walizaa foleni bila sababu yoyote ya nje.

Namna inavyozaliwa ni hivi. Dereva wa kwanza anakwenda 80, yaani mita 22 kila sekunde. Anagusa breki kidogo, labda kwa kuwa pikipiki imempita karibu, na anashuka hadi 70. Wa pili yuko mita 15 nyuma yake. Mpaka jicho lione taa, ubongo uamue na mguu uhame kutoka kwenye mafuta, sekunde moja imekwisha na pengo limeanza kuliwa. Sasa 70 haimtoshi. Lazima ashuke chini ya hapo ili arudishiwe nafasi yake, tuseme 64. Wa tatu naye anachelewa sekunde yake, anashuka hadi 55. Tarakimu hizi ni za mfano, ila mwenendo ndio huo: kila anayefuata analipa deni la aliyetangulia pamoja na riba. Huko nyuma, kwenye gari la kumi na tano au la ishirini, kuna dereva ambaye hesabu yake inafika sifuri. Yule aliyegusa breki mwanzo yuko Kibaha anakula chungwa, na hana habari.

Kinachowatatiza wengi ni mwelekeo. Magari yanakwenda Kibaha. Foleni inakwendaje Kimara?

Benchi la zahanati linaeleza vizuri kuliko mchoro. Wagonjwa kumi wameketi wakibanana kuelekea mlango wa daktari. Wa kwanza anaitwa, anainuka, na nafasi tupu inabaki mlangoni. Wa pili anasogea kuijaza. Nafasi sasa iko pale alipokuwa yeye. Mama wa tatu anakusanya kanga zake, anamkumbatia mtoto, anasogea. Kijana wa nne yuko kwenye simu, anashtuliwa kwa kiwiko, anasogea. Mzee wa tano anasinzia, na hapo nafasi inakaa kidogo kabla ya kuendelea na safari yake. Mwishowe inafika kwa mgonjwa wa kumi, mbali kabisa na mlango. Watu wote wamesogea kwenda kwa daktari, na nafasi tupu imetembea kutoka kwa daktari, bila mtu yeyote kuibeba.

Kasi ya nafasi ile inategemea mambo mawili tu: kila mtu anachukua upana gani wa benchi, na anachelewa muda gani kabla ya kusogea. Mtu wa sentimita 45 anayechelewa sekunde tatu anaifanya nafasi isafiri sentimita 15 kwa sekunde. Basi weka magari kwenye benchi hilo. Gari lililo kwenye foleni, pamoja na upenyo ulio mbele yake, huchukua kama mita saba na nusu. Dereva huondoka kama sekunde moja na nusu baada ya yule wa mbele. Gawanya: mita 5 kwa sekunde, yaani kilomita 18 kwa saa. Ndiyo ileile ya Nagoya, na ndiyo inayopimwa kwenye barabara kuu za nchi nyingi, kati ya 15 na 20. Mjapani, Mjerumani, mwenye Prado na mwenye Vitz, wote huonekana pale kwenye hesabu kama wagonjwa wa benchi moja.

Benchi lina siri nyingine. Wagonjwa wapya wanaingia na kuketi mwishoni. Wakija kwa kasi kuliko daktari anavyoita, benchi linajaa mpaka nje. Wakija polepole, linapungua hadi kwisha. Foleni ya barabarani nayo hutoa gari moja mbele kila baada ya sekunde moja na nusu au mbili kwa kila njia, na ikiwa nyuma yanaingia kwa wingi kuliko hapo, haifi. Inaendelea kutembea. Wimbi lililozaliwa Kibaha saa kumi na moja jioni, likipata magari ya kutosha ya kulilisha, linaweza kufika Kimara baada ya saa kumi na mbili, na kumsimamisha mtu ambaye wakati wimbi linazaliwa alikuwa bado ofisini Posta anafunga kompyuta.

Waingereza James Lighthill na Gerald Whitham waliyaandika mahesabu ya mawimbi haya mwaka 1955, katika kazi yenye sehemu mbili: ya kwanza ilihusu mafuriko katika mito mirefu, ya pili magari katika barabara ndefu zilizojaa.

Jina la kigeni la foleni inayozaliwa na mawimbi haya linahusishwa na mizimu, na tafsiri ya moja kwa moja ingempeleka msomaji kwa mganga. Kiswahili kimeshalipika neno zuri zaidi. Mtumishi hewa yumo kwenye orodha, mshahara unatoka, mtu hayupo. Foleni ya namna hii nayo mafuta yanateketea, breki zinalika, muda unakatwa, na ukifika pale inapoanzia hakuna kitu. Basi ni foleni hewa.

Hadi hapo ni usumbufu tu. Hatari iko kwenye mkia.

Dereva anayekwenda 80 akiuona mkia wa foleni mita 200 mbele hudhani ana sekunde tisa. Mkia nao unamjia, mita 5 kila sekunde. Watakutana baada ya sekunde saba na kitu, na mita 37 za barabara aliyoitegemea zitakuwa zimeliwa. Kwa mita 200 bado ana nafasi ya kutosha, kwa kuwa kusimama kutoka 80 kwenye lami kavu, breki zikiwa nzima na sekunde ya kushtuka ikiwemo, huchukua mita 57 hivi. Lakini mkia ukimtokea baada ya kilima, mita 90 tu mbele, wimbi linamla mita 16 na kumwachia 74. Anapona kwa shida. Mvua ikinyesha na breki zikahitaji umbali mara mbili, atataka mita 92, na hazipo.

Mzigo wa semi yenye kontena inayoelekea Tunduma au Lubumbashi huzidisha hesabu hiyo, hata dereva wake akitii kikomo cha kilomita 80. Na tofauti na kona mbaya au daraja jembamba, ambavyo dereva mzoefu huvijua na kuvitegea, mkia huu hauna makazi. Jana ulikuwa Kibamba, leo uko Kiluvya, na dakika kumi zijazo utakuwa umesogea kilomita tatu kurudi mjini.

Kuwa na njia nyingi kunaongeza kishawishi. Mwaka 1999 daktari wa Toronto, Donald Redelmeier, na mtaalamu wa takwimu Robert Tibshirani waliandika katika jarida la Nature kuhusu lile jambo ambalo kila dereva ameapa ni kweli: njia ya jirani inakwenda haraka zaidi. Walitengeneza kwa kompyuta njia mbili zenye wastani sawa wa mwendo. Gari la njia moja likipita kasi, hupita magari ya jirani yaliyosongamana, mengi kwa sekunde chache. Likiwa linajikokota, magari ya jirani yaliyoachana hulipita moja moja, taratibu. Idadi ya kupita na kupitwa inalingana, ila muda wa kupitwa ni mrefu zaidi, na dereva huhesabu muda wa uchungu. Zaidi ya hayo, aliowapita wako nyuma na hawaoni tena. Waliompita wako mbele ya kioo wanamkodolea taa zao. Wanafunzi wa udereva walioonyeshwa video ya njia ya jirani iliyokuwa polepole kidogo, wengi wao walidai ndiyo yenye kasi, na wengi wangehamia huko.

Kila anayehama kwa udanganyifu huo anamkanyagisha mtu breki. Anayechomekea, vivyo hivyo. Anayetanua pembeni mwa lami kisha akarudi kwa nguvu anapanda mbegu ya wimbi jipya, na kwa kuwa wimbi linakwenda nyuma, yeye halimgusi kamwe. Hili ndilo linaloudhi kuliko yote.

Dawa ni pengo. Dereva mwenye sekunde mbili mbele yake, mita 44 kwa mwendo wa 80, akiona taa nyekundu huinua tu mguu kwenye mafuta. Gari linapungua lenyewe, taa yake ya breki haiwaki, na deni linaishia kwake. Madereva wa Dar es Salaam na Nairobi wana jibu tayari: ukiacha pengo, watu watachomekea. Ni kweli, watachomekea. Hasara yake ni ipi? Kila aliyechomekea anamgharimu mwenye pengo zile sekunde mbili za kulijenga upya. Wakichomekea watu 30 kati ya Kimara na Kibaha, mwenye pengo atafika nyumbani akiwa amechelewa dakika moja.

Na hahitaji kuungwa mkono na wote. Huko Tucson, Arizona, watafiti wa Marekani walirudia duara la Wajapani wakiwa na magari yapatayo 20, wakaweka kati yake moja tu lililoendeshwa na kompyuta iliyofundishwa kuacha pengo na kutokimbilia nafasi. Wimbi likafifia. Breki za ghafla zilipungua sana, na matumizi ya mafuta ya msafara mzima yalishuka kwa hadi asilimia 40. Novemba 2022 wenzao waliingiza magari 100 ya namna hiyo kwenye barabara kuu ya I-24 mjini Nashville, katikati ya wasafiri wa asubuhi. Bodaboda zinazopenya katikati ya njia huvuruga kidogo mahesabu haya, na vituo vya daladala huyavuruga zaidi, lakini sekunde moja ya kuchelewa ni ileile.

Sekunde hiyo inaweza kupunguzwa na dereva wa kawaida bila kompyuta. Anayetazama taa za gari lililo mbele yake tu hupokea habari baada ya kila mtu aliyetangulia kuichelewesha. Anayetazama kupitia vioo vya gari hilo, hadi taa za gari la tatu, ameruka watu wawili na kuokoa kama sekunde mbili, mita 44 nyingine. Nyuma ya semi au basi hakuna cha kutazama isipokuwa bati, kwa hiyo hapo pengo linatakiwa liwe refu kuliko kawaida, sekunde nne badala ya mbili, na vioo vyeusi vya magari mengi ya mjini vinafanya kazi ileile ya bati.